Rufaa ya Essilfie na Mwingine

Rufaa ya Mwalimu Kwamena Essilfie ilikaa mahakamani miaka mitatu na miezi minne, kisha ikafa kwa muda ambao mtu hawezi hata kumaliza kumenya yai. Mkewe, Aba Tekyiwa, aliyeketi naye kwenye benchi la nyuma, alikuwa bado anatafuta mahali pa kuweka mkoba wake.

"Kwamena Essilfie na Mwingine dhidi ya Kobina Ntsiful," karani alisoma.

"Wakili wa warufani?" aliuliza jaji wa katikati, mama mwenye miwani, bila kuinua macho.

Hakuna aliyejibu. Wakili wa upande wa pili akainuka, akainama kwa adabu zote za dunia, akasema kwamba mwenzake hayupo, kwamba hoja za maandishi za warufani hazijaletwa tangu zilipopaswa kuletwa, na kwamba yeye anaiachia mahakama tukufu itende haki. Alivyolitamka neno haki, ungedhani ni jina la chakula anachokipenda.

Majaji watatu wakasogezeana vichwa, nywele za bandia zikagusana.

"Rufaa inatupwa kwa kutofuatiliwa. Inayofuata."

Aba akamgusa mumewe kiwiko. "Kinatupwa nini?"

"Nyamaza."

"Mwalimu, nimesikia wamesema inatupwa. Ni yetu?"

Aba akanyoosha mkono juu. Askari wa mahakama akamjia kwa hatua ndefu, akamwinamia. "Mama, shusha mkono. Hapa si darasani."

Mwalimu Kwamena, aliyefundisha miaka thelathini na mitano na kuamuru maelfu ya mikono ishuke, alitazama viatu vyake.

Kule ukumbini walimpata karani mmoja mnene aliyekuwa akitafuna karanga juu ya rundo la majalada. Hakuwa mtu mbaya. Aliwasikiliza, akapekua, akatikisa kichwa.

"Leo tumetupa kumi na tisa. Nyinyi ni wa kumi na mbili."

"Lakini sisi tulikuwepo!" Aba alisema. "Tumetoka Sekondi alfajiri."

"Nyinyi mlikuwepo, mama. Hoja hazikuwepo. Wakili wenu alipaswa kuandika ni wapi Mahakama Kuu ilikosea, alete hapa ndani ya wiki tatu. Miaka mitatu imepita hajaleta hata salamu."

"Alituambia rufaa imelala salama," Mwalimu alisema.

"Basi hakuwadanganya, imelala kweli." Karani akatema ganda. "Aliwaambia na leo mje?"

"Alisema tusijisumbue, ni kutajwa tu. Huyu mke wangu ndiye aliyeng'ang'ania, baada ya kuona tangazo limebandikwa mlangoni."

Aba alikuwa amelishika lile jalada, kidole chake juu ya jina la kesi. "Na huyu Mwingine ni nani?"

"Ni wewe, mama. Mrufani wa pili."

"Mimi sina jina?"

"Nafasi haikutosha," karani alisema, akampa karanga.

Walipanda gari la kurudi Sekondi. Kila mmoja alijua maana ya siku ile. Mahakama Kuu ilikuwa imeamua kwamba nyumba yao ya Sekondi ni mali ya ukoo, na kwamba Kobina Ntsiful, binamu wa Mwalimu na mkuu wa ukoo, aichukue. Kilichomzuia Kobina kuwatoa ni amri ndogo ya kusubiri rufaa isikilizwe. Sasa hakukuwa na kitu cha kusubiri.

*

Wakili Ferguson Amoakwa alikuwa na ofisi Takoradi, juu ya duka la matairi. Ukutani alijaza picha zake akipeana mikono na watu wakubwa, nyingine zimekatwa vibaya hata mkubwa amebaki mkono tu. Aliwahi kuwa mwanafunzi wa Mwalimu darasa la sita, na hiyo ndiyo sababu pekee Mwalimu alimchagua. "Mimi ndiye niliyemfundisha kuandika jina lake," alipenda kusema. Aba, aliyekuwa na kumbukumbu isiyo na huruma, alikumbuka jambo jingine ambalo mumewe aliwahi kumsimulia: kwamba katika mwaka mzima kijana huyo hakuleta kazi ya nyumbani hata mara moja.

"Mwalimu wangu!" Wakili aliinuka na mikono miwili. "Kaa, kaa. Mama naye, karibu. Nimesikia. Msiwe na wasiwasi hata kidogo. Rufaa kutupwa si rufaa kufa. Ni mapumziko ya kisheria."

"Ulikuwa wapi siku ile?" Aba aliuliza.

"Mama, nilikuwa mahakama nyingine, jambo zito la kitaifa."

Macho ya Aba yalikuwa yameshapanda rafuni. Pale, kati ya kalenda kuukuu na chupa ya maji, palikuwa na kitabu kinene chenye jalada la bluu, kimefungwa katika nailoni ya kiwandani, vumbi juu yake kama unga. Alilitambua jina la mumewe ubavuni.

"Ile si kumbukumbu ya kesi yetu? Ile tuliyoambiwa ina maneno yote tuliyosema mahakamani?"

"Ndiyo yenyewe."

"Hujaifungua."

"Tunaitunza, mama. Tunaitunza vizuri sana."

Aba aliangalia ile nailoni. Ndani yake, mahali fulani, yalikuwamo maneno yake mwenyewe. Alikuwa amesimama kizimbani siku mbili, akaeleza mfuko kwa mfuko saruji aliyoinunua kwa fedha ya kuuza kenkey, yale madonge yake ya unga wa mahindi, akatoa stakabadhi za mbao na mabati, akahojiwa mpaka miguu ikavimba. Jaji wa Mahakama Kuu hakuyataja hata kwa mstari mmoja. Miaka mitatu na miezi minne alikuwa akijiambia kwamba wale majaji wa rufaa wa Cape Coast wanayasoma taratibu.

"Sasa tunaandika ombi la kuirudisha," Wakili alisema. "Linataka hati ya kiapo, na kiapo kinataka sababu. Sababu nzuri. Mama, tupishe kidogo, kuna mambo ya kitaalamu."

"Mimi ni mrufani wa pili."

"Dakika mbili tu, Aba," Mwalimu akasema, naye hakumtazama.

Akakaa nje kwenye kiti cha plastiki, mbele ya katibu aliyekuwa akipaka kucha rangi. Kupitia mlangoni alisikia Wakili akisema "haitamdhuru" na "ni karatasi tu," kisha kicheko cha mtu mmoja. Mumewe alipotoka alikuwa amebeba kofia yake kifuani kama mtu atokaye mazishini.

"Ameandika sababu gani?"

"Mambo ya kitaalamu," Mwalimu akasema.

Wiki ile Mwalimu alibadilika akawa mume wa kwenye mahubiri. Aliosha sahani yake mwenyewe. Alimnunulia Aba kitambaa cha kichwa. Asubuhi moja alijitolea kubeba majani ya kufungia kenkey kutoka sokoni, jambo ambalo hakuwahi kulifanya katika ndoa ya miaka ishirini na tisa. Aba alimtazama akipita na ule mzigo begani, akajua kuna kitu kibaya sana kimefanyika.

*

Kitu chenyewe kilikuja mchana wa Jumanne, mkononi mwa Kobina Ntsiful.

Aba alikuwa kwenye kibanda chake kando ya barabara, chungu kinafuka, kenkey zimepangwa katika majani yake makavu, samaki wa kukaanga wamejipanga na pilipili ya kusaga imeshatoa watu machozi. Wateja walikuwa kama kumi: madereva wa malori, mafundi, wauguzi wawili wa zahanati. Kobina aliegesha gari, akashuka na bahasha.

"Shemeji! Nipe mbili. Lakini unifungie za majani, tafadhali. Nasikia zile za karatasi zina wino mwingi."

"Za karatasi zipi?"

"Ah, hujui?" Kobina aligeukia wateja kwa furaha ambayo hakujaribu kuificha. "Nimeletewa leo na tarishi wa mahakama. Kiapo cha binamu yangu. Sikilizeni. 'Aya ya saba. Kwamba barua zote za mahakama zilipokelewa na mke wangu, mrufani wa pili, mwanamke asiyejua kusoma wala kuandika, ambaye kwa kutojua thamani yake alizifungia kenkey akawauzia wateja wake.'"

Dereva mmoja akaanza kuifungua kenkey yake jani kwa jani. "Ngojeni nitafute muhuri!"

Kicheko kikapasuka. Muuguzi mmoja alijiziba mdomo. Fundi mmoja akasema kumbe ndiyo maana juzi tumbo lilimhukumu. Kobina akaisoma aya ya saba mara ya pili kwa faida ya waliochelewa.

Aba alifuta mikono kwa khanga, polepole, kila kidole. Kisha akanyoosha mkono.

"Nipe hiyo karatasi."

"Ya nini, shemeji? Ungefungia nini?"

"Nipe."

Akampa. Aba aliishia darasa la nne, lakini alisoma Biblia kila Jumapili na hesabu za kibanda kila siku. Aliweka kidole chini ya neno na kusoma kwa sauti, taratibu kama mtu avukaye mto kwa mawe, bila kukosea.

"'Aya ya nane. Kwamba mimi, kwa upande wangu, nimekuwa wakati wote makini na mwaminifu katika kuifuatilia rufaa hii.' Imetiwa sahihi. Kwamena Essilfie, Mwalimu Mstaafu."

Dereva akaanza kuyarudisha majani ya kenkey yake mahali pake.

"Mbili ni sedi kumi na mbili, Kobina," Aba akasema. "Na samaki je?"

*

Alimkuta Mwalimu uani akipiga pasi shati la kuvaa mahakamani.

"Umeapa kwamba sijui kusoma."

Pasi ilisimama juu ya kola. "Ni maneno ya Ferguson."

"Sahihi ni ya nani?"

"Aba, sikiliza. Ni karatasi tu. Lazima awepo mtu wa kulaumiwa, na wakili hawezi kujilaumu mwenyewe, ataharibu jina lake."

"La kwangu halina shida."

"Wewe utadhurika nini? Majaji hawakujui, hawatakuona."

"Kobina ameshaisoma kibandani. Mara mbili."

Mwalimu akafumba macho. Harufu ya kitambaa kinachoungua ikaanza kupanda, naye hakuisikia.

"Watasahau," akasema. "Nyumba ikibaki yetu, watasahau."

"Kwa nini hukuandika kwamba wewe ndiye uliyezifungia kenkey?"

Alimtazama kwa mshangao wa kweli, mshangao wa mtu aliyeulizwa kwa nini hakuvaa sketi. "Nani angeamini? Mimi ni mwalimu."

Aba akainua ile pasi. Kwenye kola palikuwa na alama ya kahawia, umbo la ulimi.

"Kesho kutwa usije mahakamani," Mwalimu akasema kwa sauti ya chini. "Ferguson anasema ni vizuri usije."

Aba alikwenda kabla yake, kwa gari la kwanza.

*

Wakili Amoakwa safari hii alikuwepo, joho limenyooshwa, sauti imepakwa mafuta. Alieleza habari ya mzee mwaminifu, mwalimu wa taifa, aliyeponzwa na ujinga wa nyumbani kwake. Alipofika kwenye kenkey alitua kidogo, ili kicheko kipate nafasi. Jaji wa katikati hakucheka.

"Huyu mke yuko wapi?"

"Yuko nyumbani, waheshimiwa. Anajuta sana."

"Niko hapa," ilisikika sauti kutoka benchi la nyuma. "Na sijuti."

Shingo zote ziligeuka. Ya Mwalimu iligeuka nusu, ikagoma. Askari yule wa hatua ndefu alianza safari, lakini jaji akainua kidole, akarudi.

"Wewe ni nani, mama?"

"Mimi ndiye Mwingine, Mheshimiwa."

Safari hii palichekwa, hata na wale waliokuja kwa kesi za mauaji. Jaji alingoja.

"Ulifungia kenkey barua za mahakama?"

"Mheshimiwa, kenkey yetu Wafante hufungwa kwa majani makavu ya mgomba. Ukiifunga kwa karatasi ukaitokosa, utakula uji wa wino." Jaji wa kushoto, mzaliwa wa Saltpond, mji wa Wafante, aliitikia kwa kichwa kabla hajakumbuka yuko wapi. "Barua zote zilikwenda kwa wakili. Nyumbani lilibandikwa tangazo moja tu, na mimi ndiye niliyelisoma, nikamleta mume wangu hapa. Tulikaa benchi hili hili. Nilinyoosha mkono, nikaambiwa hapa si darasani. Kitabu cha kesi yetu kiko rafuni kwake, kwenye nailoni. Hajakifungua hata siku moja."

"Wakili?" jaji akasema.

"Waheshimiwa, kwa heshima na taadhima, shahidi huyu hajaapishwa, na sheria..."

"Umekifungua au hujakifungua?"

Wakili Amoakwa aliitazama dari, akaitazama saa, akarekebisha ukosi. "Nilikuwa katika hatua za kukifungua."

"Miaka mitatu?"

"Hatua za awali, Mheshimiwa."

Jaji akavua miwani. "Mrufani wa kwanza, simama. Mwalimu, uliapa mwenyewe. Aya ya saba ni kweli?"

Kwamena Essilfie alisimama. Wakili alikuwa akimkazia jicho, akitikisa kichwa kidogo sana, kama mtoto anayemnong'onezea mwenzake jibu la mtihani. Mwalimu aliwahi kuwachapa watoto wengi kwa kosa hilo.

"Si kweli," alisema. Kisha, kwa kuwa sauti haikufika, akarudia. "Si kweli, Mheshimiwa. Anajua kusoma."

Majaji waliegemeana, mara hii kwa muda mrefu. Ombi likaondolewa, kwa sababu lilijengwa juu ya uongo na uongo ukitolewa hakibaki kitu. Lakini halikutupwa: warufani walipewa siku kumi na nne walete jingine, lenye ukweli. Wakili alipe gharama za siku ile kutoka mfukoni mwake, na nakala ya mwenendo ipelekwe kwa baraza linalowasimamia mawakili.

Nje kwenye ngazi Wakili Amoakwa aliwafuata akihema. "Mama, umeua kesi! Nilikuwa nimeshaishinda!"

"Kesi gani?" Aba akauliza. "Ile ya kwenye nailoni? Tunaifuata leo."

Wakaifuata. Katibu alitaka wasubiri kucha zake zikauke ndipo aishushe. Aba alipanda juu ya kiti cha plastiki, akaishusha mwenyewe.

*

Kiapo cha pili Mwalimu alikiandika kwa mkono, kwenye meza ya kulia, Aba akiwa amekaa mkabala naye anachambua mahindi. Aliandika kwa hati nzuri ya ubaoni. "Kwa bahati mbaya ilidhaniwa kwamba..."

"Nani alidhania?" Aba aliuliza.

Akafuta. "Kutokana na ushauri mbovu, kulitokea maelezo yasiyo sahihi..."

"Yalitokea wapi, kwenye mvua?"

Akafuta tena. Karatasi nne ziliharibika. Ya tano ilisema: "Nilisema uongo juu ya mke wangu kwa sababu niliogopa kupoteza nyumba, na kwa sababu nilidhani hatakuja." Aba alisoma hadi mwisho na kidole chake, akasema neno "nilidhani" limekosewa herufi. Lilikuwa limekosewa kweli.

Afisa wa viapo alikuwa kijana mwenye sauti kubwa, na sheria ilimtaka ahakikishe muapaji ameelewa anachoapa. Akakisoma chote, foleni ikisikiliza. Aliyekuwa nyuma yao kwenye foleni alikuwa mwalimu mkuu wa shule ambayo Kwamena alistaafia.

"Wewe si ndiye uliyeapa hapa mwezi jana?" kijana akauliza. "Ile ya kenkey?"

"Ni mimi."

"Sasa niamini ipi?"

"Hii," Mwalimu alisema, akaichukua Biblia kabla hajapewa. Masikio yake yaliwaka moto mpaka kwenye mizizi ya mvi, na Aba, aliyekuwa ameapa kutomwonea huruma, alimwonea kidogo, kisha akaacha.

Rufaa ilirudishwa. Wakili mwingine hawakuchukua. Hoja waliziandika wawili, kurasa kumi na moja, yeye akiweka nukta na mkewe akiweka mambo yenyewe. Walizipeleka siku ya tisa kati ya ishirini na moja. Karani wa karanga alizipiga muhuri mara mbili kwa kutoamini. Ilipofika siku ya kusikilizwa, jaji mwenye miwani alisoma ushahidi wa Aba kwa sauti, saruji yote, mfuko kwa mfuko, na Aba alisikiliza akiwa ameshika ukingo wa benchi kwa mikono miwili.

Hukumu ilikuja mwaka uliofuata, majaji wawili dhidi ya mmoja. Nyumba waliyoijenga mume na mke kwa jasho lao si mali ya ukoo. Kobina Ntsiful aondoke mikono mitupu. Na kwa kuwa ushahidi wa michango ya mrufani wa pili haukupingwa, mahakama ikatamka kwamba nusu ya nyumba na kiwanja ni yake, Aba Tekyiwa, kwa jina.

Mwalimu alishangilia mtaa mzima. "Nimeshinda!" aliwaambia majirani. "Niliwaambia haki yangu haipotei!" Aba alimwacha ashangilie siku ile. Kesho yake asubuhi alichukua kipande cha mkaa jikoni, akapiga mstari mrefu toka ukuta wa barabarani hadi ukuta wa nyuma, kiwanja nusu kwa nusu, hata shubiri haikuzidi. Alimwachia mumewe sebule, kivuli na lango. Upande wake alichukua jiko, tangi la maji na choo.

Saa kumi na mbili na nusu, Mwalimu Mstaafu Kwamena Essilfie alitoka na birika mkononi, akatembea kwa haraka, akafika kwenye mstari, akasimama.

"Aba. Naomba kupita."

Aba alikuwa akikoroga chungu, hakugeuka. "Eleza sababu."

Mwalimu akatazama kulia na kushoto kama kuna majirani. Wapo. Akabana miguu, akaieleza kwa maneno machache na yote ya kweli.

"Ombi limekubaliwa," Aba alisema, na kumsogezea ndoo isimkwaze njiani.